Parvo imeua watoto wa mbwa wa jirani, na mimi naletewa mwingine. Nianzie wapi?

nyumbani_seeta

Habari zenu wenye mbwa. Niko Seeta hapa njia ya Mukono, ploti tunakaa familia tatu, geti moja, kompaundi moja, mpaka kamba ya nguo ni moja. Nina mbwa wawili wakubwa, dume wa kienyeji wa kama miaka minne na jike mwenye damu ya German shepherd, halafu kuna paka analala ndani na kuku wa mama mkwe ambao hawajui mpaka, wanaingia popote. Sasa mwezi uliopita jirani alinunua watoto wawili wa mbwa kwa wale vijana wanaouza kando ya barabara wakiwa kwenye boksi. Wazuri kweli, wanene. Hata wiki haikuisha mmoja akakataa chakula, jioni anatapika povu la manjano, kesho yake kuhara damu na ile harufu jamani ilikuwa inafika mpaka jikoni kwangu. Wa pili akafuata. Wote wamekufa, daktari alipokuja akasema hii ni parvo, ugonjwa wa kirusi cha utumbo, akaenda zake.

Shida yangu ni hivi, jike la dada yangu kule Jinja limezaa na amenitengea dume moja. Ana wiki saba sasa, na dada anataka nimchukue wikendi hii maana vitoto vinamalizia posho yote nyumbani kwake. Hajachanjwa kitu. Mama yao alichomwa ile chanjo ya kichaa cha mbwa ya bure walipopita kijijini, je hiyo inamkinga na parvo? Hawa wangu wakubwa nao wana hiyo ya kichaa tu na wako wazima kabisa, nao wanahitaji sindano? Jirani amepiga deki na Omo anasema kumeisha. Na mama mkwe anasema nimpe mtoto maji ya mwarobaini kila asubuhi yatamlinda. Nisaidieni kabla ya Jumamosi.

msaidizi_wa_kliniki

Dada, kwanza kabisa mpigie dada yako umwambie Jumamosi huendi. Mengine tutaongea taratibu.

Nafanya kazi kliniki ya wanyama Kampala, si daktari mimi ni msaidizi, lakini hii kitu naiona karibu kila mvua ikianza. Kirusi cha parvo ni kigumu ajabu. Virusi vingi vina ganda la mafuta, ukiweka sabuni ganda linayeyuka kirusi kinakufa, hiki hakina hilo ganda kwa hiyo Omo ya jirani imeondoa uchafu na harufu tu, kirusi bado kiko pale. Kwenye udongo wenye kivuli na unyevu kinaweza kukaa miezi, hata mwaka na zaidi. Mwezi uliopita ni juzi hiyo. Na wale vitoto wawili kabla hawajaonekana wagonjwa walikuwa tayari wanamwaga kirusi kwenye kinyesi, kinaanza kutoka siku kadhaa baada ya kuambukizwa, dalili zinakuja baadaye, maana yake kila mahali walipokanyaga wakicheza wakiwa bado wazuri wanene hesabu pana kirusi.

Chanjo ya kichaa haizuii parvo hata kidogo. Hii naomba watu wote waisikie maana wanatuletea kadi ya kichaa wanasema mbwa amechanjwa. Amechanjwa kichaa. Ya parvo inakuja kwenye kichupa kilichoandikwa DHPP au DHLPP, ndani yake kuna distemper (kirusi kinachopiga mapafu na ubongo), homa ya ini na parvo pamoja, ile yenye L imeongezwa leptospira ya mkojo wa panya, ambayo kwa ploti yenye kuku na mahindi yaliyoanikwa nje mimi ningeichukua.

Mwarobaini muachie mama mkwe anywe mwenyewe.

Mzee_wa_Kambi

Nyinyi vijana mnapenda sana sindano. Mimi nimefuga mbwa tangu nikiwa mdogo, baba yangu alikuwa na mbwa wa kuwindia hata kumi, hakuna aliyejua daktari, wanakula mabaki ya posho na mukene (dagaa), wanalala nje, na hakuna mbwa aliyekufa kwa kuhara damu namna hii. Mbwa wa kienyeji ni mgumu. Haya magonjwa yameletwa na hawa mbwa wa kizungu mnaowanunua kwa pesa nyingi.

msaidizi_wa_kliniki

Shikamoo mzee. Kuna pahali uko sawa na pahali sikubaliani. Uko sawa kwamba wakati wa baba yako hakuna aliyeuona, kwa sababu haukuwepo. Parvo ya mbwa ilijitokeza miaka ya 1970, kufika 1978 ikalipuka nchi nyingi kwa wakati mmoja, mbwa wa dunia nzima hawakuwa na kinga nayo wakafa kwa wingi. Wanasayansi wanaona ilitokana na kirusi cha jamii ya kile cha paka. Kwa hiyo mbwa wa mzee hawakuwa wagumu kuishinda, hawakukutana nayo tu.

Na ukweli Rottweiler, Doberman na German shepherd wanapigwa vibaya zaidi, hilo limejulikana miaka mingi. Lakini kienyeji naye anakufa, sema anakufa akiwa na wiki nane nyuma ya nyumba, anatupwa kwenye migomba, hakuna anayepeleka kliniki wala kuhesabu. Unaobaki kuwaona wanatembea mtaani ni wale waliopona, na hao kweli wana kinga. Ndiyo inaonekana kienyeji haumwi.

Mzee_wa_Kambi

Marahaba. Hilo la 1978 sikulijua. Kuhusu migomba umesema kweli, nimeona.

mama_wa_majike

Mimi nazalisha mbwa Wakiso, kwa hiyo nitaongea la chanjo maana hapo ndipo watu wanapotea, na utasikia mtu anasema "nilichanja na bado amekufa, chanjo ni ya uongo". Si uongo. Mtoto wa mbwa akinyonya yale maziwa ya kwanza anapata kinga ya mama yake, kama mama mwenyewe anayo. Hiyo kinga inashuka polepole wiki kwa wiki. Ikiwa bado juu unapochoma chanjo, inaimeza chanjo, sindano imepotea bure. Ikishuka sana kabla hujachoma, mtoto yuko wazi. Na katikati kuna kipindi kibaya zaidi ambapo kinga imeshuka kiasi cha kutozuia kirusi cha mtaani lakini bado inatosha kuizuia chanjo, na hakuna anayeweza kumwangalia mtoto kwa macho akajua amefika hapo, kila mmoja na wiki yake hata wa uzao mmoja wanatofautiana. Ndiyo maana tunarudia. Unaanza wiki ya 6 mpaka ya 8, unarudia kila baada ya wiki 2 hadi 4, na HUACHI mpaka afikishe wiki 16 au apite. Hata mwongozo wa WSAVA, chama cha dunia cha madaktari wa wanyama wadogo, unasema hivyo. Mtu anachoma tatu haraka haraka anamaliza kwenye wiki ya 12 anafurahi kadi imejaa, mimi naona hajamaliza. Sindano ya wiki 16 ndiyo naidai kuliko zote. Kwenye eneo ambalo parvo imeshaua, kama kwako, naenda mpaka wiki 20. Halafu kuna ya kurudia akiwa na miezi sita mpaka mwaka, baada ya hapo parvo ni kila miaka mitatu.

Sasa mama wa huyu mtoto hakuchanjwa DHPP. Kama hajawahi kuugua parvo basi watoto wake labda hawana kinga ya maziwa kabisa, wako wazi tangu mwanzo. Wachanjwe wote hukohuko Jinja wiki hii, si wako peke yake.

Swali kwako nyumbani_seeta, mvua ikinyesha maji ya upande wa jirani yanateremkia wapi?

nyumbani_seeta

Asanteni sana, sikujua hata nusu ya haya. Maji yanapita mbele ya mlango wangu, kuna kamfereji kanaelekea kwa kuku halafu barabarani. Yaani walipokuwa wanahara na ile mvua... acha tu. Sehemu kubwa ni udongo mwekundu, veranda yangu ndiyo ina sementi. Jik ipo ndani. Nimwage kila mahali?

mama_wa_majike

Usimwage Jik kwenye udongo utaharibu pesa. Jik ikikutana na udongo, kinyesi, majani, nguvu inaishia kwenye huo uchafu haimfikii kirusi. Udongo dawa yake ni jua na muda, basi. Fyeka majani yawe chini kabisa, punguza yale matawi yanayoweka kivuli, ondoa kinyesi chote cha mbwa kila siku uzike mbali au tupa kwenye shimo la choo, acha jua la saa saba lifanye kazi yake. Pale vitoto vilipokuwa vimelala hasa, kama mwenye ploti anakubali, chota udongo wa juu mwage murram mpya juu.

Veranda ndiyo ya Jik na ina utaratibu. Unafagia, unasugua kwa sabuni na brashi mpaka sementi ionekane, unasuuza sabuni yote iishe na mkojo wote uishe. Ndipo unaleta Jik. Vitabu vinasema kipimo kimoja kwa maji thelathini lakini hiyo ni kwa dawa yenye sodium hypochlorite asilimia 5 hivi, soma chupa yako, kama ni 3.5 weka kimoja kwa ishirini, yaani lita moja kwenye jerikeni ya lita 20. Ichanganye siku hiyohiyo, ya jana imeshapoteza nguvu. Mwaga sementi ibaki IMELOWA dakika kumi kamili, si unapitisha tamba na kuondoka, jua likiikausha mwaga tena. Kisha suuza, acha ikauke kabla mnyama yeyote hajapita, hasa paka maana analamba miguu. Na usichanganye Jik na dawa ya choo au na mkojo, moshi wake unachoma kifua.

Bakuli za plastiki zenye mikwaruzo, gunia, godoro, banda la mbao la jirani, choma. Sufuria na bakuli za chuma zinaoshwa zinapona.

paka_watatu_arua

Na paka jamani mbona mnampita. Mimi niko Arua nina paka watatu na mbwa. Zamani ile parvo ya kwanza kabisa haikuwa inaingia kwa paka, lakini kirusi kikabadilika, hizi aina za sasa wanaita 2a, 2b na 2c zinaweza kumuingia. Tena paka ana ya kwake ya jamii hiyohiyo, panleukopenia, anatapika, anahara, chembe nyeupe za damu zinaisha kama mbwa vile. Chanjo ya paka ya panleukopenia inamsaidia kwa zote, kwa hiyo dada siku daktari akija kuchanja mbwa mpe na paka yake. Ya paka, si ya mbwa kipande.

Nyingine, zile dawa za kuua vijidudu ambazo ukitia kwenye maji yanageuka meupe kama maziwa, watu wanapenda harufu yake wanaona nyumba imekuwa hospitali. Kwa parvo hazitegemewi na kwa paka ni sumu. Ziache kabisa.

Kuku hawaumwi parvo ya mbwa, mbuzi hawaumwi, na nyinyi binadamu hamuumwi. Ile parvo ya watoto wa binadamu, B19, ni nyingine. Lakini kuku anaparua kinyesi kule kwa jirani halafu anakuja kuparua kwenye bakuli ya mtoto wa mbwa. Mguu wa kuku na slipa ya mwanao ni kitu kimoja.

kijana_wa_Mbale

Swali la haraka hapohapo. Duka la dawa za mifugo huku wanauza hiyo chanjo bei chini ya daktari na wanakupa na sindano uchome mwenyewe. Ngozi ya shingo tu, mbona rahisi. Kuna ubaya?

msaidizi_wa_kliniki

Kuchoma ni rahisi, shida ni friji. Chanjo hii ni hai, yaani ina kirusi kilichodhoofishwa, inakaa digrii 2 mpaka 8 tangu kiwandani mpaka kwenye shingo ya mbwa. Umeme ukikatika usiku mzima na duka halina jenereta asubuhi kichupa kinaonekana vilevile, lebo ileile, ndani kimekufa. Ukikibeba kwenye mfuko wa suruali juu ya boda kutoka mjini saa nane mchana yaleyale. Na kuganda nako kunaharibu, usikiweke kule juu kwenye barafu. Kwa hiyo hata kwa daktari usione aibu, omba kuona friji, angalia kama ana kipimajoto, angalia tarehe, na kile kibandiko cha kichupa kibandikwe kwenye kadi yako. Daktari anayekuja nyumbani awe na kijisanduku cha barafu. Akikitoa kwenye mkoba pamoja na kalamu na simu, mlipe nauli arudi.

Unga wa chanjo ukishachanganywa na maji yake uchomwe ndani ya saa moja. Na mtu asigawe kichupa kimoja kwa vitoto viwili, nimeona sana hii, hakuna nusu ya dozi kwa sababu mbwa ni mdogo.

Nyongeza, mtoto awe mzima siku ya chanjo na minyoo awe ameshapewa dawa. Dawa ya minyoo inaanza wiki ya pili, kila wiki mbili mpaka wiki ya 12. Minyoo ya safura nayo inaleta kinyesi cha damu, watu wanachanganya na parvo, na mwenye minyoo akipata parvo anaisha haraka zaidi.

nyumbani_seeta

Nimeongea na dada, kalalamika kidogo lakini amekubali. Sasa wakubwa wangu wawili wazima je? Na huyu akija siku ikitokea ameanza kuumwa nifanye nini, maana kwa jirani ilikuwa usiku.

msaidizi_wa_kliniki

Wakubwa wachanjwe KABLA mtoto hajafika. Mbwa mkubwa anaweza kuambukizwa asionyeshe kitu, au kuharisha kidogo ukasema amekula mzoga, na bado anamwaga kirusi. Kwa mkubwa sindano moja ya chanjo hai kwa kawaida inatosha kuanzisha kinga ya parvo, wengine tunarudia baada ya wiki chache. Kinga haiji siku hiyohiyo, mpe wiki mbili ndiyo uhesabu amekingwa.

Mtoto akiumwa usisubiri damu. Mtoto wa mbwa aliyekuwa anang'ata viatu jana na leo amelala kwenye kona hataki mukene, hapo ndipo unaondoka. Kliniki nyingi zina kipimo cha haraka cha kinyesi, majibu dakika kumi. Dawa za kawaida haziui kirusi chenyewe, hata zile kapsuli za rangi mbili watu wanafungua na kumwaga kwenye maziwa hazikigusi. Kinachomuokoa ni dripu, maana kirusi kinachuna utumbo na kushusha chembe nyeupe, maji yanaisha mwilini na bakteria wa tumboni wanaingia kwenye damu. Kwa hiyo ni dripu, sindano ya kuzuia kutapika, antibayotiki kwa ajili ya hao bakteria, na kulishwa kidogo kidogo mapema. Akiwahi, kliniki nzuri wanaokoa hata wanane kwa kumi. Asipotibiwa wengi mno wanakufa, wengine ndani ya siku mbili tatu. Usimlazimishe maji kwa bomba la sindano akiwa anatapika, yanaingia mapafuni. Na msimpe Panadol.

kijana_wa_Mbale

Wangu alipona, nilimpeleka ndani ya beseni juu ya boda amefungwa kwenye kanga. Daktari aliniambia kabla sijafika nipige simu nisiingie naye sebule ya kusubiri, tukapokelewa mlango wa nyuma. Beseni lile tulilichoma. Kitu ambacho hawasemi sana ni kwamba hata akipona anaendelea kutoa kirusi, mimi niliambiwa wiki mbili nikamfungia mwezi mzima.

mama_wa_majike

Mwezi ni sawa kabisa.

Dada, akifika kwako mlishe YEYE kwanza asubuhi, kisha wakubwa, kisha kuku, usianze kwa kuku ukamalizia kwake. Slipa za verandani zibaki verandani. Mtoto akae kwenye sementi, choo chake afundishwe hapohapo, unakiokota, asikanyage udongo mpaka sindano ya wiki 16 ipite na wiki moja mbili juu. Lakini usimfiche ndani kama mfungwa, wiki hizi ndizo anajifunza watu na kelele, mbebe mkononi, apande na wewe mpaka stendi asikie boda na matatu, watoto wamshike wakishanawa. Ila chini ya stendi asiwekwe, hapo kila mbwa wa Mukono amepita.

nyumbani_seeta

Sawa mama. Kwa hiyo Jinja achomwe ya kwanza wiki hii, na ya pili huko huko, mimi huku wakubwa na paka. Na jirani nimesikia anataka kununua wengine mwisho wa mwezi kwa wale wale vijana.

msaidizi_wa_kliniki

Mwambie achukue mkubwa aliyekwisha chanjwa, au asubiri. Akikataa nendeni wote kwa mwenye ploti, na daktari akija kwako mchange muite kwa wote, mara nyingi anapunguza akikuta mbwa watano pahali pamoja.